Deni

Jamaa wa Goba alichukua ukoka mita themanini,
akapanda, ukashika, akautuma hadi picha.
Hela, kesho. Hela, mwisho wa mwezi.
Mwezi wa tatu akaniletea boksi la sabuni
lenye mbwa ndani, kilo moja na nusu pamoja na viroboto.
Dada Nakiete, akasema, tuhesabu tumemalizana.
Nikamwita Deni.

Bustani yangu ipo Tegeta, ukingoni mwa lami:
viroba vya asumini, vilua,
misonobari mifupi ya watu wa Krismasi,
na nyuma kabisa kitalu cha ukoka,
kijani kinacholipa ada.
Hapo ndipo Deni alipochagua kulala.

Masika ilipokata, ukoka ukatoa masuke,
membamba, ya zambarau,
na Deni akaanza kujila.
Kwanza miguu. Ule mlio wa ulimi usiku kucha,
kama mtu anayefua nguo zisizoisha.
Manyoya meupe ya vidoleni yakageuka rangi ya chai.
Kisha kwapa. Kisha tumbo,
jekundu kama lililomwagiwa uji.
Masikio yakanuka chachu.

Kila mpita njia ni daktari.
Sijaona wa chipsi: upele huo, mpake oili chafu.
Mangungu wa bodaboda: majivu na mwarobaini.
Mwingine, hata simjui, alishusha kioo cha gari:
laana hiyo, katupe Bunju.
Nilipaka oili. Mungu anisamehe, nilipaka.
Alinitazama kama mtu aliyealikwa chakula
akakuta msiba.

Daktari Mshana alikuja na pikipiki,
koti jeupe amelifunga kiunoni.
Hakukimbilia sindano. Aliuliza kama hakimu:
Huanza lini? Huisha lini? Na mwaka jana? Jua likikaza?
Nikahesabu kwa vidole: Juni. Juni.
Tena kidogo, baada ya vuli.
Akapitisha kidole juu ya suke, akanionyesha
unga mdogo kuliko unga, manjano nchani.
Chavua, akasema.

Neno la kidato cha pili!
Nilichora ua, nikalipaka rangi,
nikapata kumi na saba kwa ishirini.
Hakuna aliyenifundisha kuwa chavua inawasha,
kwamba mwili unaweza kukosea mgeni,
ukapiga yowe la mwizi,
ukakusanya mawe,
ukajipiga wenyewe.
Mzio, dada, si laana.
Hauishi, ila unatunzika.
Utakaa nao, kama unavyokaa na kodi ya pango.

Kwa hiyo nililipwa ukoka kwa mbwa
asiyeuweza ukoka.
Nicheke?

Siku hizi nakata masuke kabla hayajafunguka,
umande ukiwa bado mzito.
Kidonge nakificha ndani ya firigisi.
Ndoo ya rangi nimeitoa kitako, nikamvika shingoni
asijifikie kwa meno,
na maandishi yanamzunguka kichwa:
HAIFUBAI MIAKA KUMI.
Wateja wanauliza kama anauzwa.
Jioni, beseni. Mguu mmoja mmoja,
kati ya kidole na kidole, halafu kitambaa kikavu.
Mwanangu Elipokea akasimama mlangoni:
Mama, mimi hujawahi kuniosha hivyo.
Nilitafuta jibu majini, sikuliona.

Wiki iliyopita jamaa wa Goba karudi,
kirikuu kitupu, noti mpya.
Nipe mita arobaini za uani,
na lile la zamani pokea, limenisumbua roho.
Akamwona Deni ndani ya ndoo.
Huyu bado yupo?

Nilichukua za mita arobaini tu.
Lile lilikwisha, nikamwambia,
sasa hivi mdaiwa ni mimi.
Hakuelewa, na sikumfafanulia.
Vijana wakapakia, wakakung'uta magunia,
unga ukasimama hewani, ukang'aa,
mzuri, ndiyo, mzuri kweli,
na Deni akapiga chafya ndani ya ndoo yake,
sauti kubwa kuliko mbwa.
Nikaenda kuchukua beseni.
Ilikuwa saa nne tu asubuhi.